Albamu ya Ambilikile, Mpiga Gita wa Ndandalo

Ambilikile Mwasomola alivuka miaka hamsini hajawahi kuimba mbele ya watu, ingawa zaidi ya nusu ya miaka hiyo aliipitisha jukwaani. Alikuwa mpiga gita wa bendi yetu, Mwambao, na mimi, Dickson, nilikuwa mpiga drams. Kwa sababu hiyo nimeutazama mgongo wake kuliko uso wake. Mgongo ule ukiinama kidogo upande wa kushoto nilijua anakaribia kuliachia gita lilie, nami nilipunguza mkono nimpishe.

Hakuwa bubu. Alikuwa na kigugumizi, na si kile cha kuwafanya watu watabasamu kisha maongezi yaendelee. Neno lilimkaba kooni kama mwiba wa samaki mbasa. Mishipa ya shingo ilisimama, macho yakamtoka, na waliokuwa wakimsikiliza wakatazama chini kwa huruma. Tangu darasa la kwanza pale Ndandalo alikaa dawati moja na Hezroni, na Hezroni ndiye aliyegundua namna ya kumsaidia. Mwalimu akiuliza swali, Ambilikile akianza kuhangaika, Hezroni alimtazama usoni mara moja, kisha akasema, "Anasema ni arobaini na mbili, mwalimu." Na kweli ndilo jibu ambalo mwenzake alikuwa nalo. Wakakua hivyo, mmoja akifikiri na mwingine akisema. Hata tulipokwenda kumposea Ambilikile mke kwa kina Tusajigwe, mahali ambapo mila yenyewe inataka mtu mwingine aseme, wazee wa upande wa binti walicheka wakasema kijana huyu amezaliwa pamoja na mshenga wake.

Gita lilikuja kupitia kwa baba yake, mzee mkimya aliyeishi kwa kokoa na migomba. Bendi moja ya Mbeya ilikuwa imevunjika na vyombo vyake vinauzwa. Mzee aliswaga ndama wake mmoja akarudi na gita la umeme lililochubuka rangi. Ndugu zake walimshangaa. Yeye alijibu tu, "Mtoto asiyesema apewe kitu cha kupigia kelele."

Kelele zenyewe Ambilikile alizipata Kasumulu, mpakani. Dereva mmoja wa lori kutoka Zambia aliharibikiwa pale, akawa anasubiri spea, na kwenye gari lake kulikuwa na kanda za muziki wa roki wa kwao, magita yananguruma na kuunguza. Ambilikile alikuwa anapeleka ndizi Kasumulu. Alisimama pembeni ya lori lile na ndizi zake kichwani mpaka kanda ikaisha upande mmoja, ikageuzwa, ikaisha na upande wa pili. Yule dereva alipoondoka alimwachia kanda moja isiyo na jina. Kwa hiyo wakati bendi nyingine zinapiga magita laini ya kuchezea dansi, letu lilikoroma. Watu wa Kyela walilipachika jina la Pawatila, kwa ile mashine ya kulimia majaruba ya mpunga, na baadaye jina likamhamia mwenyewe. Wazee hawakulipenda gita hilo. Lakini Hezroni alipoingiza sauti yake juu ya mngurumo ule, hata wazee walitulia. Ilianzia chini, kama mtu anayezungumza na mgonjwa, halafu ilipanda mpaka waliokuwa nje ya ukumbi wakaacha walichokuwa wakifanya.

Kuna siku moja ambayo lazima niieleze, maana mengine yote yanaiegemea. Tulikuwa tumemaliza kupiga kwenye harusi Ipinda. Mgeni mmoja kutoka Dar es Salaam, mtu mwenye bendi yake, alimfuata Ambilikile aliyekuwa akikunja nyaya.

"Mkono huo nautaka," alimwambia. "Njoo Dar. Nafasi ipo."

Ambilikile alifungua mdomo. Neno likakwama. Hezroni, aliyekuwa anajifuta jasho pembeni, akamtazama, kisha akamgeukia yule mgeni.

"Anasema anashukuru sana, lakini hawezi. Baba yake anaumwa, na shamba la kokoa halina mtu."

Mgeni alitoa pole kwa ajili ya mzee, akaenda zake. Ambilikile akaendelea kukunja waya wake, taratibu, akiuzungusha kiwikoni. Ni kweli baba yake alikuwa anaumwa. Sisi wengine hatukuona jambo lolote pale.

Miaka ikapita. Bendi iliendelea kupiga Kyela mjini, Matema, Tukuyu, na mara nyingine ng'ambo ya mto Songwe, nchi jirani, kule Karonga. Hatukurekodi albamu. Hezroni alisema kila mwaka kwamba mwaka ujao, na mwaka ujao ulipofika kulikuwa na mafuriko, au bei ya kokoa imeanguka, au mtoto wa mmoja wetu yuko hospitali.

Kisha Hezroni akaanguka. Alikuwa shambani kwake Ngana, msimu wa kuvuna mpunga, anafunga matita. Mke wake Elizabeth alimkuta amelala ubavu, mundu bado mkononi. Kilikuwa kiharusi. Alirudi kutoka hospitali upande wa kulia umelegea wote na maneno yamefutika, isipokuwa moja. Neno lililobaki lilikuwa "basi". Akitaka maji alisema basi. Akichoka kukaa, basi. Mjukuu akimparamia, basi, basi, huku akitabasamu kwa nusu ya mdomo. Elizabeth alijifunza kulipambanua neno hilo kwa mlio wake, lakini aliniambia zipo nyakati alipolisikia na hakujua kabisa mume wake anataka nini, na hizo ndizo zilizomliza.

Bendi ikafa bila mtu kutangaza. Harusi zikahamia kwenye spika na vinanda. Mimi nikarudi kwenye mpunga wangu Busale. Ambilikile alibaki na kokoa yake, ila kila Jumapili baada ya ibada alipanda baiskeli kutoka Ndandalo hadi Ngana, gita mgongoni, spika ndogo ya betri imefungwa nyuma, akaenda kumpigia rafiki yake. Walikaa chini ya upenu. Hezroni aligonga mapigo juu ya paja kwa vidole vya mkono wa kushoto. Mara nyingi nilikuwa nao. Watu wawili wasioweza kusema walikaa pale saa nzima na sikuona kwamba wamepungukiwa kitu.

Jumapili moja Ambilikile alipiga wimbo mpya. Ulikuwa wa polepole, mzito, na ulikuwa na mahali pa wazi ambapo wote watatu tulijua kwamba sauti ya Hezroni ingeingia. Gita likafika pale. Likazunguka, likarudi tena palepale. Na Ambilikile, akiwa ameinamisha kichwa, akafungua mdomo akaimba.

Hakugugumia hata kidogo. Sauti yenyewe haikuwa nzuri kama ile tuliyoizoea. Ilikuwa kavu, ya chini, ina kokoto ndani. Lakini ilikuwa imenyooka, na maneno yalitoka mazima.

Hezroni alipiga ukuta kwa fimbo yake. Alipiga tena na tena. "Basi! Basi! Basi!" Mate yalimtoka. Elizabeth alikimbia kutoka jikoni, akamshika mume wake mabega, akamgeukia Ambilikile.

"Shemeji, umemfanya nini? Huoni umemuumiza?"

Ambilikile alichomoa waya. Alijaribu kusema kitu, kikamshinda. Akafunga spika kwenye baiskeli, akaondoka.

Tusajigwe, mke wake, ndiye aliyenieleza yaliyofuata. Alimwona mume wake amerudi mapema, amekaa karibu na vichanja vya kuanikia kokoa, anazigeuza punje ambazo tayari zilikuwa zimekauka.

"Nimeimba," alimwambia mkewe.

"Najua unaimba," Tusajigwe akajibu. "Unaimba ukiwa unavundika kokoa. Unadhani nimekwenda kisimani, kumbe nimesimama nyuma ya migomba nakusikiliza. Miaka mingi, baba Rut."

"Hu-hukusema."

"Ningesema, ungeacha."

Ni Tusajigwe aliyempeleka kwa Jubilate. Jubilate ni mama wa makamo mwenye studio Kyela mjini, chumba kimoja nyuma ya saluni ya dada yake. Kwaya nyingi za wilaya hii zimerekodi kwake. Alimsikiliza Ambilikile wimbo mmoja, akauliza kama anazo nyingine. Zilikuwepo. Alikuwa nazo kichwani tangu ujana, nyimbo nzimanzima, maneno na yote, ambazo hakuwahi kumpa Hezroni kwa sababu alijua Hezroni angezigeuza ziwe zake.

"Kwa nini hukuziimba siku zote hizo?" Jubilate alimuuliza.

Ambilikile akafikiri. "Alikuwepo wa kuimba."

Studio ile ilikuwa na shida moja. Ukuta wa pili kulikuwa na mashine ya kukoboa mpunga, na katika msimu haikuzimwa. Sauti ya kinanda inaweza kuvumilia hali hiyo, lakini gita lile likiwa limefunguliwa lote lilidaka kila mtetemo. Wakajaribu siku kadhaa, wakashindwa. Mwishowe Jubilate alibeba mitambo yake, wakahamia kwenye stoo ya kokoa ya Ambilikile kule Ndandalo. Magunia yalikuwa yamejaa hadi karibu na dari, na magunia ya kokoa kavu hunyonya sauti vizuri, hakuna mwangwi unaorudi. Tulirekodi tumezungukwa na ile harufu ya uchachu. Gita la solo na la besi alipiga mwenyewe. Mimi aliniita nipige drams. Sikuuliza maswali, ila nilipofika mara ya kwanza, Jubilate alikuwa anafunga kipaza sauti kwenye mti wa ufagio, na ndiye aliyeuliza swali nililokuwa nalo mimi.

"Kaka Ambilikile, yule mwenzako amekubali?"

Alikuwa amekwishakwenda Ngana kumwomba Hezroni ruhusa, na si mara moja. Hezroni angeweza kutikisa kichwa kukubali au kukataa, uwezo huo alikuwa nao. Hakufanya lolote kati ya hayo. Aligeuza uso wake ukutani, akakaa hivyo mpaka mgeni akaaga.

"Hajakubali," alisema Ambilikile.

"Asipokubali kabisa, je?"

"Ni-nitarekodi." Akatulia, akalitafuta neno lililofuata. Jubilate alingoja, macho yake kwenye waya. "Lakini nitajua nimefanya nini."

Basi tukarekodi. Mwanzo haukuwa rahisi. Akishaingia kwenye wimbo hakukwama, lakini kuingia kwenyewe ndiko kulikomtesa. Alisimama mbele ya kipaza sauti, gita likamfungulia mlango, naye akabaki kizingitini na neno la kwanza mdomoni. Tulirudia mpaka mikono yangu ikaota malengelenge. Safari moja alitoka nje, akakaa kwenye mashina ya migomba kwa muda mrefu, nikadhani imekwisha. Aliporudi alimwambia Jubilate azime taa na sote tumpe mgongo. Tukageuka tukayatazama magunia. Wimbo ulioanza pale ndio unaoanza albamu. Ukisikiliza kwa makini utasikia pumzi yake kabla ya neno la kwanza, pumzi ndefu kama ya mtu anayejitwisha mzigo. Jubilate alikataa kuikata.

Nyimbo zilikuwa za maisha yetu haya. Mmoja ulihusu mto Kiwira ulivyochukua jaruba la mama yake pamoja na miche iliyokuwa imepandikizwa wiki ileile. Mwingine ulihusu baba yake na ndama. Mwingine, wa Kinyakyusa mtupu, ulikuwa sala, na gita ndani yake lilinguruma kiasi kwamba mchungaji wetu aliposikia mara ya kwanza aliuliza kama ni sala au ugomvi. Ambilikile alimjibu kwamba ni vyote viwili. Mchungaji hakukasirika, ila hakuomba kusikia tena.

Jina la albamu lilikuwa "Peke Yangu". Hilo ndilo lililomleta Elizabeth.

Jina lilikuwa limeshaanza kusemwa sokoni kabla ya albamu yenyewe kutoka. Elizabeth alikuja Ndandalo kwa miguu, asubuhi, hakubisha hodi sana. Tusajigwe alimkaribisha kiti, hakukaa.

"Ugonile, shemeji," Ambilikile alimwamkia kwa Kinyakyusa, yaani amelalaje.

"Sikulala," alisema Elizabeth, hakuitikia salamu. "Peke yako? Wewe uliwahi kuwa peke yako lini? Nani alikuombea chakula shuleni? Nani alikuposea huyu mwanamke? Leo amelala pale kama gogo, hajafa, nawe unakwenda kuwaambia watu ulikuwa peke yako. Unamzika mtu ambaye bado anakula uji wangu."

Ambilikile alihangaika, hakuna kilichotoka. Elizabeth alisubiri kidogo, kisha akageuka. Nadhani angelipata jibu, hata baya, asingeondoka na uchungu ule.

Siku iliyofuata Ambilikile aliniomba nimpeleke Ngana kwa pikipiki. Hakubeba gita. Tulimkuta Hezroni kitandani, mlango wazi, jua limemfikia miguuni. Elizabeth alikuwa sakafuni anachagua mchele kwenye ungo. Hezroni alipotuona akageuza uso ukutani kama kawaida yake ya siku zile.

Ambilikile alivuta kigoda, akakaa karibu na kitanda. Akaanza kusema.

Sijui kama nitaweza kueleza ilivyokuwa kumsikiliza. Nimemfahamu mtu yule tangu utoto wangu, na sikuwahi kumsikia akisema maneno zaidi ya manne matano mfululizo. Kila neno lilikuwa kazi. Mengine yalivunjika vipande, akavirudia kuviokota. Katikati Elizabeth alishindwa kuvumilia, akataka kummalizia neno. Ambilikile aliinua mkono.

"A-acha, shemeji. Acha niseme mwenyewe."

Alichosema, nikikinyoosha, ni hiki.

"Siku ile ya Ipinda, yule mtu wa Dar es Salaam. Mimi nilikuwa nataka kumwambia nakuja. Neno lilikuwa hapa mdomoni. Nilikwenda kwa baba nikamwambia kuna mtu alinihitaji Dar, na mzee aliniuliza, sasa mbona hukwenda? Hata yeye asingenizuia. Sikukuambia, Hezroni. Miaka yote hii sikukuambia, kwa sababu mambo mengine yote ulinisemea vizuri. Ulikuwa mdomo wangu, ningekugombezaje mdomo wangu? Lakini siku ile hukusema la kwangu. Ulisema la kwako. Ulitaka nibaki."

Elizabeth alikuwa ameacha kuchagua mchele. Mkono wake ulibaki hewani na punje kadhaa ndani yake. Hakuwa anayajua hayo. Hata mimi, niliyekuwepo pale Ipinda kwa macho yangu, sikuwa nayajua.

"Sikuibi chako," Ambilikile aliendelea. "Nimeimba changu. Na nimekuja kukuambia kwa mdomo wangu mwenyewe, usije ukaambiwa na watu."

Hezroni aligeuka. Ilimchukua muda, maana upande ule mmoja haukumsaidia. Machozi yalikuwa yanamtoka jicho moja na kuingia sikioni. Alimtazama rafiki yake kama alivyokuwa akimtazama darasani, usoni moja kwa moja, akimsoma.

"Basi," alisema.

Akainua mkono wa kushoto. Nilidhani anataka kumpiga. Aliuweka kooni kwa Ambilikile, kiganja chote, kidole gumba upande huu na vingine upande ule, akauacha pale. Kisha akainua kidevu, kile kidevu alichokuwa akituinulia jukwaani kutuambia tuanze.

Ambilikile aliimba. Bila gita, taratibu, wimbo ule wa Jumapili uliokuwa umekatizwa na fimbo. Hezroni alifumba macho. Alikuwa anasikiliza kwa kiganja. Wimbo ulikuwa mrefu na mkono wake dhaifu, ukaanza kutetemeka, ukaanza kushuka. Elizabeth aliinuka kutoka sakafuni. Alipiga goti kando ya kitanda, akamshika mume wake kiwiko, akakiegemeza kwenye bega lake mwenyewe, na mkono ukabaki pale ulipokuwa hadi mwisho.

"Basi," Hezroni alisema tena.

Nimejiuliza mara nyingi lilikuwa basi gani lile. Kwa Kiswahili chetu mtu husema basi akiwa ameridhika, na husema basi akiwa amechoka, na basi akiwa ameumizwa vya kutosha. Nilimuuliza Elizabeth, mtaalamu wa neno hilo. Alisema na yeye hajui. Ambilikile hakuuliza.

Albamu ilitoka kabla ya masika. Jina halikubadilishwa, na Elizabeth hakulitaja tena. Haikumfanya Ambilikile tajiri wala maarufu nchini. Ilienea jinsi mambo yanavyoenea kwetu, kwa flashi na kwa simu, kutoka kwa mtu mmoja kwenda kwa mwingine. Madereva wa bodaboda waliipiga stendi. Wanawake wa Kikisi wanaouza vyungu Ipinda walikuwa na wimbo mmoja walioupenda, ule wa mto, na walimsimamisha akipita wakamwimbia kiitikio yeye mwenyewe. Redio moja ya jirani ilimwalika kwa mahojiano. Alikubali, akaketi mbele ya kipaza sauti, akajibu maswali kwa mwendo wake. Mtangazaji alikuwa mstaarabu, alimngoja. Baadhi ya wasikilizaji walipiga simu kucheka. Mtu mmoja kutoka Ngana alipiga simu kusema mwanawe naye anagugumia, na kwamba amemweka karibu na redio. Halafu akakata.

Hezroni alifariki mwezi wa tano, mvua ikiwa kubwa kiasi kwamba kaburi lilijaa maji na ilibidi tuyachote kwa ndoo tukipokezana. Kiharusi cha pili kilimjia asubuhi akinywa uji. Watu walikuja kutoka pande zote, hata Karonga, wengi wakiwa hawajamwona tangu bendi ilipokufa, na walikuja na miavuli na majani ya migomba kichwani. Wanakwaya waliimba. Ambilikile hakuimba wala hakuleta gita. Wengine walimlaumu kwa hilo, wakasema msanii mzima anashindwaje kumwimbia ndugu yake. Mimi nilikuwa naye ndani ya kaburi, tunachota maji, na nilimwona alivyokuwa. Hakuwa na nafasi ya wimbo. Alichota mpaka mikono ikavimba, alikataa kupokewa, na jeneza lilipofika alikuwa wa kwanza kulishika upande wa kichwani. Baada ya mazishi alikaa matanga yote pale Ngana, analala kwenye mkeka pamoja na wanaume wengine, na watu walipomfikia kumpa mkono na kumwambia ndaga, ndaga fijo, pole sana ya Kinyakyusa, aliitikia kila mmoja.

Sasa anaendelea na kokoa. Baadhi ya Jumamosi mchana hupiga mjini, yeye na gita na spika, na mimi nikiwa na nafasi huenda na ngoma moja tu, maana seti nzima haipandi kwenye pikipiki. Bado kuingia kwenye wimbo kunampa shida. Zipo siku gita huzunguka mara nyingi kabla hajaingia, na watu wa hapa wamezoea, wanaendelea na maongezi yao mpaka aanze.

Wiki iliyopita nilipita Ngana kumjulia hali Elizabeth. Alikuwa anapeta mchele uani, redio ndogo yenye flashi imening'inia kwenye mti wa mpapai, na albamu ilikuwa inaimba. Nilikaa. Nyimbo zilifuatana, ule wa mto, ule wa ndama. Gita lilipoanza ule wa polepole, wa kiganja, aliweka ungo chini, akainuka, akauruka ukaja mwingine, akarudi kukaa.

"Huo huusikilizi, mama Noah?"

"Huo bado," alisema, akachukua ungo wake.

Nyuma ya nyumba kuku walikuwa wanagombania pumba. Aliniuliza kama kwetu Busale maji yameshapungua kwenye majaruba, nikamwambia yanapungua kidogo kidogo, na kwamba wiki ijayo huenda tukaanza kupandikiza.